Anayehama Aondoke na Nini?

Wiki hii naomba mniruhusu nianzie mahali ambapo baadhi yenu mtashangaa, yaani kwenye gemu ya kompyuta. Wazee wa kanisa wanisamehe, nitafika kwenye Neno.

Likizo iliyopita mpwa wangu, binti ya dada yangu, alikuja kukaa kwetu. Nina laptopu ninayofanyia hesabu za kanisa, na kila jioni nikimaliza ananiambia, "Anko, nicheze kidogo." Gemu yenyewe inaitwa The Sims. Kwa wazazi ambao hamjaiona, hakuna kupigana risasi wala mbio za magari. Unaunda watu, unawapa nyumba, unawanunulia kitanda, jiko na makochi. Wanaenda kazini, wanaoga, wanaoana, wanazaa, wanakufa. Toleo la nne lilifanywa la bure mnamo Oktoba 2022, ndiyo maana vijana wetu wengi wenye kompyuta wanalo. Mtu anayeanza maisha humo anapewa pesa 20,000 za gemu siku ya kwanza. Mimi nilianza ndoa na godoro na jiko la mafuta taa, kwa hivyo niliona wivu kidogo.

Sasa, mpwa wangu alikuwa na nyumba moja ya watu wanne: mzee, mke wake, mtoto wao, na mdogo wa yule mzee. Siku moja wakipika, jiko likashika moto, mzee akafa. Mtoto wa watu akahuzunika kweli kweli. Kesho yake akaamua kumhamisha mama na mtoto waanze upya mtaa mwingine, na shemeji abaki pale pale. Wakafika nyumba mpya. Ndani hakuna kitu. Kuta tu.

"Anko, vitu vya mama viko wapi?"

Nikavuta kiti tukatafuta pamoja. Nilichokuja kuelewa ni hiki. Familia yote ikihama pamoja, unaweza kufunga vitu vikaingia kwenye stoo ya familia, au ukaviuza mkaondoka na pesa. Lakini mtu mmoja akitolewa kwenye familia, makochi, kitanda na jiko vinabaki na wale waliobaki. Anayeondoka anaondoka na kile alichokuwa nacho mfukoni. Yule mama mfukoni alikuwa na takataka mbili tatu za kuokotaokota. Shemeji alikuwa amekaa kwenye kochi anatazama runinga.

Mpwa wangu akacheka, akarudi kupanga mambo upya. Mimi sikucheka. Nilitoka nje nikasimama kwa muda chini ya mwembe, kwa sababu hiyo picha nilishawahi kuiona, na haikuwa kwenye kompyuta.

Kabla sijasema niliiona wapi, niwaambie gemu hii ilitoka wapi. Aliyeibuni ni Mmarekani anayeitwa Will Wright. Oktoba 1991 moto mkubwa ulishuka kwenye vilima vya Oakland, California. Watu 25 walifariki, makazi zaidi ya 3,000 yakateketea, na nyumba yake ilikuwa mojawapo. Ikabidi aanze kununua kila kitu tena, kuanzia vitu vidogo vya jikoni, na katika kufanya hivyo akawa anajiuliza binadamu anahitaji vitu gani hasa, na kwa nini. Mawazo hayo ndiyo yaliyozaa The Sims, iliyotoka mwaka 2000. Kwa hivyo hata mwanzo wake ni mtu aliyepoteza vyombo vyake vya nyumbani. Ila kuna tofauti moja ambayo naomba muishike. Yeye vitu vyake vilichukuliwa na moto. Moto hauna jina, haukai jirani yako, na huwezi kuukuta Jumapili umekaa kwenye kochi lako.

Basi niseme sasa. Nilikuwa darasa la saba wakati baba mdogo alipofariki. Ilikuwa hapa hapa upande wetu wa Samia. Mama mdogo alikuwa bado kijana, ana watoto wawili, na mdogo wao alikuwa hajaanza kutembea. Sitaki kumtaja mtu, wengine wamelala na Mungu atawahukumu yeye mwenyewe, lakini baada ya mazishi wakubwa wa boma waliamua kwamba vitu vya ndugu yao visibaki "kupotea." Usiku ule sisi vijana tukaambiwa tusaidie kubeba. Mimi nilibeba meza ndogo ya vikombe, ya mbao ya mvule, na vitambaa alivyofuma mama mdogo mwenyewe vikiwa bado juu yake. Niliona kama ni kazi tu, kama kubeba viti vya matanga kurudisha kanisani. Yeye alikuwa amesimama mlangoni na mtoto mgongoni. Hakusema neno. Baada ya wiki chache alirudi kwao na kikapu, gunia moja la nguo na watoto. Kile kilichokuwa mfukoni.

Meza hiyo ilikaa nyumbani kwetu. Nimefanyia homuwaki juu yake. Nilisomea digrii ya biashara nikiwa naandika maelezo juu yake wakati wa likizo, na moja ya vitu vya kwanza tulivyofundishwa ni kwamba kitu kuwa mikononi mwako hakukifanyi kuwa mali yako. Ukishika cha mwingine, kwenye vitabu unaandika deni. Na likikaa miaka ishirini bado ni deni. Mwalimu alieleza vizuri sana na nikapata alama nzuri, nikiwa nimeegemea ushahidi wenyewe.

Najua watakaosema, "Pasta, hiyo ni mila, usituletee mambo ya kortini." Hebu tuwe wakweli kuhusu mila. Siku ya kunyoa, wazee wanakaa mchana mbele ya watu, wanauliza marehemu alidaiwa na nani, alimdai nani, vitu vyake vya kiume aachiwe nani. Kuna hekima hapo, maana kila mtu anasikia. Kubeba makochi usiku si mila ya mtu yeyote. Na ile hofu nyingine, kwamba mama ataolewa kwingine na jasho la ndugu yetu litaliwa na mwanamume wa kijiji kingine, naielewa. Lakini jamani, sufuria ni jasho la nani? Nani aliyeisugua kwa majivu kila asubuhi? Katika nyumba nyingi tunazozijua hapa, mama ndiye aliyeenda soko la Funyula na mihogo akarudi na vikombe.

Na sheria, kwa wale wanaodhani haijasema kitu, imesema waziwazi. Sheria ya Urithi, Sura ya 160, inatumika Kenya tangu 1 Julai 1981. Mtu akifa bila wosia akaacha mke mmoja, awe na watoto au hana, vitu vyake vya kibinafsi na vyombo vya nyumbani ni vya huyo mjane moja kwa moja. (Na mke akitangulia, ni vya mume vivyo hivyo.) Sheria hata imevitaja: nguo, fanicha, picha, mapambo, vyombo, mpaka chakula na vinywaji vilivyomo ndani. Gari halimo, wala vitu vya biashara ya marehemu. Na kifungu cha 45 kinasema anayegusa mali ya marehemu bila idhini ya sheria anaweza kupigwa faini hadi shilingi 10,000, au kufungwa hadi mwaka mmoja, au vyote viwili. Shamba lina mambo yake marefu, sitaingia huko leo. Ninazungumzia meza.

Tuje kwa Neno. Mwanzo 31, Yakobo anahama na wake zake na watoto, Labani anawafuata mbio, anapekua hema moja baada ya jingine. Na katika mstari wa 43 anasema mabinti ni wake, watoto ni wake, mifugo ni yake, kila kitu Yakobo anachokiona ni chake. Huyo ni mtu aliyetumikiwa miaka ishirini na bado anasema vyote ni vyangu. Kila boma lina Labani wake. Saa nyingine ni sisi.

Lakini mahali ambapo Roho alinishika hasa ni 2 Wafalme 8, mstari wa kwanza hadi wa sita. Yule mwanamke Mshunemu, ambaye mtoto wake alifufuliwa, anaambiwa na Elisha ahame na watu wa nyumba yake kwa sababu njaa inakuja. Anahama, anakaa nchi ya Wafilisti miaka saba. Mumewe, ambaye sura ya 4 inasema alikuwa mzee, hatajwi tena. Anaporudi, nyumba na shamba vina mtu mwingine. Sasa angalieni anachofanya. Hasemi, "Vitu ni vya dunia, nitapata mbinguni." Anaenda kumlilia mfalme. Na mfalme anamteua afisa mmoja ahakikishe amerudishiwa vyake vyote, pamoja na mazao ya shamba tangu siku alipoondoka. Si shamba tu, na mazao ya miaka saba! Mhasibu yeyote atawaambia huyo mfalme alijua kupiga hesabu.

Hapa nataka kujikosoa na kuwakosoa wahubiri wenzangu. Tuna mahubiri mazuri ya kuwaambia watu wasijiwekee hazina duniani. Nimeyahubiri mimi mwenyewe, tena kwenye matanga. Lakini tunamhubiria nani? Nimeona mara nyingi tunamhubiria mjane. Tunamshika mkono tunamwambia, mama, achilia, Mungu atakupa vingine. Na wale wenye makochi wamekaa nyuma yake wanasema amina kwa sauti kubwa. Yesu katika Luka 20:47 alikuwa na maneno makali kwa watu wanaokula nyumba za wajane huku wakiomba sala ndefu, na hakumgeukia mjane kumwambia aachilie. Neno la kuachilia vitu ni la kweli. Ila limhubiriwe kwanza yule ambaye vitu viko kwake.

Mtaniuliza, je, mjane hawezi kusamehe? Anaweza, na wengi wamesamehe zamani kuliko sisi tulivyojua. Lakini msamaha wake haunipi mimi meza. Zakayo katika Luka 19 alipompokea Yesu hakuuliza kama waliodhulumiwa wameshamsamehe. Alianza kupiga hesabu ya kurudisha mara nne. Mimi mara nne sikuweza, nawaambia ukweli.

Baada ya ile siku ya gemu nilizungumza na mama yangu. Alinyamaza sana, kisha akasema, "Ichukue." Nikaitoa vumbi, nikatia vanishi mpya mguu mmoja uliokuwa umechubuka, nikaifunga nyuma ya tuktuk na kamba ya mpira. Mpwa wangu akakaa ndani akiishika isigonge. Mama mdogo anaishi si mbali sana na barabara ya kwenda Bandari ya Sio, watoto wake ni watu wazima sasa. Alitoka jikoni akijipangusa mikono kwenye leso. Akaitazama meza muda mrefu, akapitisha kiganja juu yake kama mtu anayepima joto la mtoto.

Nilikuwa nimetayarisha maneno. Mimi ni pasta, maneno huwa ninayo. Niliweza kusema tu, "Mama, nilibeba mimi."

"Nilikuona, mwanangu," akasema. "Ulikuwa unaikwangua mguu kwenye mlango, nikataka kukwambia uinue kidogo."

Akatukaribisha, akapika chai. Mpwa wangu ndiye aliyepanga vikombe mezani. Tulipokuwa tunakunywa, mama mdogo akaniuliza habari za kanisa, za mke wangu, za mama. Halafu akasema kwamba meza hakuwa ameisahau, lakini kile alichokifikiria zaidi miaka hiyo yote ni ile sufuria kubwa ya kupikia ugali wa watu wengi, kwa maana alinunuliwa na mama yake mzazi siku ya harusi. Akataka kujua kama ninajua iko kwa nani.

Ninajua. Hutolewa kwenye kila matanga ya ukoo wetu, na wengi wenu mmekula kutoka humo. Jumamosi hii nitaenda kwa huyo aliye nayo. Naomba mniombee, kwa sababu ni mtu mkubwa kwangu na bado sijui nitaanzaje.