Maji ya Meru na Mtoto wa Gongali

Msikilizaji, mtu aliyekulia miteremko ya Mlima Meru mara nyingi hutambulika akitabasamu tu: meno yana mabaka ya kahawia. Si uchafu. Ni floraidi, madini ya miamba ya volkano yanayoyeyuka katika chemchemi na visima. Shirika la Afya Duniani linashauri isizidi miligramu 1.5 kwa lita. Vyanzo vingi vya huku vinapita hapo, na ikizidi sana hupinda hata mifupa.

Dk. Askwar Hilonga alikulia Gongali, Karatu, ambako maji yasiyo salama yaliwafanya watoto kuugua, naye akiwemo. Alipokwenda Korea Kusini kusomea shahada ya uzamivu, alikwenda na swali lake mkononi: maji haya yasafishwe vipi? Aliporudi kufundisha katika Taasisi ya Nelson Mandela mkoani Arusha, alitengeneza chujio akianza na kitu cha zamani kabisa: mchanga. Mchanga huzuia taka na vijidudu. Baada yake akaweka chembechembe za nano, ndogo kuliko jicho linavyoweza kuona, zinazonasa floraidi na metali nzito. Mwaka 2015 akawa mshindi wa kwanza wa tuzo ya ubunifu wa kihandisi Afrika ya Royal Academy of Engineering, Uingereza.

Kule Ngurdoto nako, mkoani humohumo, watafiti huchoma mifupa ya ng'ombe hadi iwe punje nyeusi za kuchujia floraidi hiyohiyo.

Ila mazoea mengine hudanganya. Kuchemsha huua vijidudu, lakini hakuondoi floraidi. Mzazi mwenye mtoto mdogo, uliza leo: maji ya nyumbani kwako yamepimwa?