Kigari cha mpinzani wako kikipinduka

Wapo watakaosema kuwa mashindano ya vigari vya rimoti, yaliyoshamiri Ulaya, Marekani na Japan, ni utoto wa watu wazima. Tusiharakishe kuhukumu. Ndani ya mchezo huo mna swali zito la uadilifu.

Vigari vyenyewe si midoli tunayowanunulia watoto sikukuu ya Idi. Vile vya kipimo cha moja ya nane ya gari halisi vina injini ya sentimita za ujazo 3.5, inayochoma mchanganyiko wa methanoli, nitromethani na oili. Mwenye kigari hukiunda na kukirekebisha kwa mkono wake, kisha husimama juu ya jukwaa na kukiendesha kwa rimoti.

Kikipinduka, yeye hawezi kushuka kukiinua. Kazi hiyo ni ya wasimamizi waliopangwa kandokando ya njia. Je, hao ni akina nani? Kwa kawaida ni washindani wenyewe. Kundi lililomaliza kukimbia ndilo linaloshika zamu kwa kundi linalofuata. Na kwa kuwa katika mchujo matokeo ya makundi yote hulinganishwa, mtu hujikuta anainua kigari cha yule yule anayeweza kumshusha nafasi.

Hapa ndipo penye mtihani. Anayekwepa zamu huadhibiwa, mara nyingi kwa kufutiwa matokeo yake mazuri. Lakini sheria ina mwisho wake. Inaweza kumleta mtu njiani, haiwezi kuuharakisha mkono wake. Akichelewa sekunde mbili kwa makusudi, nani atathibitisha? Atasema hakuona, au aliogopa kugongwa. Sekunde hizo mbili ni mali ya mwenzake, na anayezijua ni yeye na Mola wake.

Suratul Mutaffifin inawaonya wanaodai kipimo kamili wanapopokea, na kupunja wanapowapimia wengine. Tumezoea kuisoma tukimfikiria muuza mchele na mizani yake. Lakini kipimo si kilo peke yake. Huyu msimamizi, dakika chache zilizopita, alikuwa juu ya jukwaa akitamani kigari chake kiinuliwe haraka. Kile alichokitaka kwa nafsi yake ndicho anachodaiwa sasa.

Basi tujiulize sisi wa mijini, ambao zamu zetu haziishi. Karani ameshika faili la mtu waliyekosana naye. Mwalimu anasahihisha mtihani wa mtoto wa jirani mgomvi. Mjumbe wa kamati ya msikiti anatakiwa kutekeleza jambo lililopendekezwa na aliyemshinda katika uchaguzi. Hakuna anayekataa kazi. Wote watasema, "Njoo kesho."

Ndugu msomaji, dhulma nyingi hazifanywi kwa kunyang'anya. Hufanywa kwa kuchelewesha. Kumtendea haki rafiki ni wepesi. Uadilifu hupimwa kwa kasi ya mkono wako pale aliyepinduka anapokuwa mpinzani wako.