Wema Usio na Hiari

Je, mtu asiyeweza kutenda ovu aweza kuitwa mwema? Swali hili ni la kale, lakini Stanley Kubrick alilivika nguo mpya katika senema yake ya mwaka 1971, A Clockwork Orange, iliyotokana na riwaya ya Anthony Burgess ya mwaka 1962. Ukatili wake ni mwingi, wala sikushauri kijana aitazame. Kisa chake chatosha.

Alex, kijana wa Uingereza ya kubuniwa, alipiga watu, akavunja nyumba, na mwishowe akamwua mwanamke. Alihukumiwa kifungo cha miaka 14. Baada ya miaka 2 aliahidiwa uhuru akikubali kutibiwa. Alidungwa dawa ya kumchafua moyo, akafungwa kitini, kope zake zikashikwa kwa vyuma asifumbe macho, kisha akaonyeshwa picha za ukatili siku baada ya siku. Ndiyo njia ya Pavlov, mtaalamu wa Urusi, ambaye mbwa wake walifundishwa hata wakatokwa na mate kwa ishara tu, chakula hakijaja. Alex naye, kila alipotaka kuinua mkono, alishikwa na kichefuchefu.

Alipandishwa jukwaani mbele ya wakubwa. Mtu alimtukana, naye akalamba kiatu cha mtu huyo. Wakubwa walifurahi. Kasisi wa gereza peke yake alilalamika kwamba kijana hakuchagua alilotenda. Waziri alimjibu kwamba haja yao ni kupunguza uhalifu, si kuchungua nia.

Nakiri kwamba jibu hilo si la kupuuzwa. Aliyevunjiwa nyumba hataki kujua ni nini kilichomzuia mwizi. Ataka kulala salama. Lakini tazameni dawa ile ilivyofanya kazi. Katika picha mojawapo ulipigwa muziki wa Beethoven, ambao Alex aliupenda kupita kiasi. Tangu hapo nao ulimtia ugonjwa. Tena alipopigwa na wale aliowadhulumu zamani, hakuweza kujitetea. Dawa haikupambanua jema na baya. Iliujua mwili tu. Kupambanua ni kazi ya mtu mwenyewe, na kazi hiyo ndiyo aliyonyang'anywa.

Nanyi wanafunzi mwaijua hali iliyo jirani na hiyo. Darasa hunyamaza mwalimu mkali aingiapo. Atokapo, kelele hurudi. Kimya kile si bure, maana somo hufundishika ndani yake. Lakini mwalimu mwenye busara hakiiti adabu. Hungoja siku atakayochelewa njiani, akasimama nje ya mlango na kusikiliza.