Kura ya Connecticut

Januari 1865 Baraza la Wawakilishi la Marekani lilipiga kura ya kufuta utumwa. Wawakilishi wote wanne wa jimbo la Connecticut walisema ndiyo. Katika filamu ya Lincoln ya Steven Spielberg, iliyotoka mwaka 2012, wawili wa jimbo hilo wanasema hapana. Mwaka 2013 mbunge wa Connecticut, Joe Courtney, alilalamika hadharani. Tony Kushner, aliyeiandika filamu hiyo, alikiri kwamba kura zile zilibadilishwa. Walitaka mtazamaji aone jinsi matokeo yalivyokaribiana, na majina ya wapiga kura hao waliyatunga ili asisingiziwe mtu halisi.

Utetezi huo una uzito. Filamu si kumbukumbu za kikao. Ila jina la jimbo halikutungwa, na aibu ikaliangukia.

Huku kwetu, Amil Shivji alipotengeneza Vuta N'kuvute (2021) kutokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi, alipita njia iliyo salama zaidi. Zanzibar ya miaka ya 1950 chini ya Mwingereza ilikuwepo, lakini Yasmin na Denge ni watu wa kubuni. Denge akiteleza, hakuna mjukuu atakayekuja kubisha hodi.

Siku moja mtu atatengeneza filamu ya TANU. Atafika Magomeni, kwenye nyumba ya Mwalimu Nyerere iliyopo Mtaa wa Ifunda, ambayo leo ni makumbusho. Na hataweza kumkwepa Bibi Titi Mohamed, aliyewaingiza wanawake wa Dar es Salaam kwenye chama miaka ile ya 1950, akakamatwa mwaka 1969, akahukumiwa kifungo cha maisha kwa uhaini, kisha akaachiwa mwaka 1972. Akiwa jikoni atasema nini? Akiwa kizimbani, je?

Ya jikoni mwongozaji atunge apendavyo. Hakuna aliyeyaandika, na bila hayo Bibi Titi atabaki sanamu. Ya kizimbani sidhani kama ana ruhusa. Alikana shtaka, na msimamo ule ulimgharimu miaka ya uhuru wake. Kumfanya akiri, hata kwa sekunde kumi za machozi mazuri, ni kumnyang'anya kitu alichokilipia, na mwenyewe hayupo kukidai.

Marekani kosa la Spielberg lilipata wa kulisahihisha: kuna kumbukumbu za kura, vitabu visivyohesabika kuhusu Lincoln, na mbunge mwenye wivu na jimbo lake. Hapa Dar, kwa vijana wengi wa rika langu, Bibi Titi ni barabara. Wanamsikia konda akimtaja, wanashuka, wanaendelea na safari. Filamu itakayowakutanisha naye huenda ikawa kitabu chao cha kwanza na cha mwisho kumhusu. Mwongozaji wa filamu hiyo atakuwa na uhuru uleule alionao Spielberg. Deni lake litakuwa kubwa zaidi.