Jina Lisilo Kwenye Kitambulisho

Benson Wanjau alikuwa Mkikuyu. Naanza na hilo kwa sababu kila nikiwaambia watu wa rika langu, nusu yao hawaamini. Mzee Ojwang? Ojwang wa Vitimbi? Acha bana. Wanatoa simu, wanatafuta, halafu wananiangalia kama mimi ndiye niliyewadanganya miaka hiyo yote.

Huyo ndiye mzee wa miwani mikubwa, kofia na koti, aliyegombana na Mama Kayai kwenye KBC tangu kabla wengi wetu hatujazaliwa. Aliongea Kiswahili cha Mjaluo mtu mzima, kwa lafudhi ambayo watoto wa Umoja tuliijua hata kabla ya kujua Kisumu iko wapi. Alipofariki Julai 2015 katika Hospitali Kuu ya Kenyatta, nchi ilimlilia Ojwang. Jina la Wanjau lilitajwa tu kama maelezo.

Swali langu ni hili: alikuwa na haki? Mtu wa kabila moja kuvaa ulimi wa kabila lingine, tena ili watu wacheke, katika nchi hii ambayo jina lako la pili linaweza kukupa kazi au kukunyima nyumba?

Jibu la haraka ni kwamba mwigizaji ni mwigizaji. Kazi yake ni kuwa mtu mwingine. Joseph Olita, Mjaluo wa Siaya, aliigiza Idi Amin katika filamu ya 1981, na sijawahi kusikia mtu akimuuliza ruhusa ya Wakakwa iko wapi. Sawa. Lakini Amin alikuwa rais mwenye jeshi. Ukimwigiza vibaya, yeye hapungukiwi na kitu. Ojwang alikuwa mzee wa kawaida, na wazee wa kawaida wa Kijaluo wapo, na wana watoto wanaoenda shule na interview.

Hapo ndipo jibu la haraka linakwama. Lafudhi si kosa la mtu. Dholuo haina sauti ya "sh", kwa hivyo shamba linakuwa samba. Kikuyu haitenganishi "l" na "r", kwa hivyo rais anakuwa lais. Ni ulimi tu unaofanya kile ulichofundishwa nyumbani. Lakini sote tunajua kuna lafudhi zinazosikika kama Kiswahili na zingine zinazosikika kama mzaha. Nilipokuwa chuo, kabla karo haijanishinda, niliishi na jamaa kutoka Homa Bay, mkali wa hesabu kuliko sote, na darasani hakuwa anafungua mdomo. Aliniambia hivi: Ojwang akiongea, watu wanacheka kwa sababu amesema kitu cha kuchekesha. Mimi wananicheka kabla sijafika mwisho wa sentensi.

Nimeifikiria hiyo kauli kwa miaka, na naona imebeba kipimo cha kwanza. Ondoa lafudhi. Kitu gani kinabaki? Ukiondoa lafudhi kwenye klipu nyingi tunazotumiana WhatsApp, hakibaki kitu. Mtu amesema "samba" na ndio mwisho wa mzaha. Kwa Ojwang, ukiondoa lafudhi, bado unabaki na mwanamume anayedhani yeye ndiye mkuu wa boma huku kila mtu, kuanzia mke wake, anajua sivyo. Babu yangu, Mkamba wa Machakos, alikuwa akimtazama na kusema, "Huyu mzee ni kama jirani yetu." Nyanya alikuwa akimwangalia babu, haongei. Mzee huyo yuko kila kabila.

Lakini kipimo hicho hakitoshi. Unaweza kuandika mhusika mwenye utu wote na bado ukawa mgeni aliyeazima nyumba ya watu. Kuna kitu kingine, na kukiona lazima turudi mwisho wa 2007.

Uchaguzi ulifanyika tarehe 27 Desemba. Kufikia mapatano ya tarehe 28 Februari 2008, zaidi ya watu 1,100 walikuwa wameuawa. Wenye umri wangu tulikuwa watoto, lakini tunakumbuka wakubwa walivyokuwa wakiongea chini chini kuhusu vizuizi vya barabarani: vijana wanasimamisha gari, wanataka kitambulisho, wanasoma jina. Na kama kitambulisho hakipo, wanakwambia uongee kidogo, wasikie unatoka wapi. Kila upande ulikuwa na barabara yake.

Sasa mfikirie Wanjau. Sijui alikuwa wapi wiki hizo, wala sitamtungia kisa. Nasema tu hali yake ilivyokuwa. Kitambulisho kilisema Wanjau. Uso wake, kwa mamilioni ya watu, ulisema Ojwang. Kwenye kizuizi cha upande mmoja jina la kwenye karatasi lingemhukumu. Kwenye kizuizi cha upande wa pili, kuna uwezekano jina lisilo kwenye karatasi lingemhukumu vilevile. Sidhani kulikuwa na Wakenya wengi waliokuwa na sababu ya kuogopa barabara zote mbili kwa pamoja.

Hiyo ndiyo tofauti ninayoitafuta. Anayedhihaki lafudhi ya mwenzake huvaa na kuvua. Ijumaa kwenye baa ni Mjaluo, Jumatatu ofisini amerudi kuwa yeye. Anachukua kicheko, bei anamwachia mwenye lafudhi. Wanjau hakuweza kuvua. Barabarani aliitwa Ojwang, alizeeka akiwa Ojwang, na macho yalipomsumbua, Wakenya waliochanga pesa za matibabu walimchangia Ojwang. Kwa hivyo naamini sauti ya mwenzako inaweza kuwa halali kwako, ila kwa sharti moja gumu: ukubali kuitwa jina lake hata siku ambayo jina hilo lina bei.

Yule jamaa wa Homa Bay hakubaliani nami kabisa. Anasema hata kama Wanjau alilipa, hakuna aliyewauliza Wajaluo, na miaka mingi ya kumsikia mzee mmoja kwenye runinga iliwafundisha watu kusubiri kichekesho kila Mjaluo anapovuta pumzi aongee. Nimejaribu kumjibu na nimeshindwa nusu. Nusu ninayoiweza ni hii: mwigizaji hawezi kubeba peke yake kile ambacho watazamaji wamefanya na kazi yake. Sisi ndio tuliochukua lafudhi tukaiacha sebuleni huku ule utu wa mzee tukiuzima pamoja na runinga. Nusu nyingine ni yake, na ana haki ya kubaki nayo.

Agosti 2027 tunapiga kura tena. Simu zetu tayari zimejaa vijana wenye vipaji wanaoigiza mama wa Kikuyu wa duka, soja Mkalenjin, shosh wa Kimeru mwenye hasira. Wengine ni wazuri kweli, na mimi hucheka. Lakini kabla sijamtumia mtu klipu siku hizi najiuliza: huyu kijana, siku hilo jina alilolivaa likianza kusomwa kwenye kizuizi, atasimama nalo, ama atatoa kitambulisho haraka aonyeshe kwamba yeye si mmoja wao?