Mlalamikaji Asipofika Mahakamani

Mshitakiwa akifika siku ya kusikilizwa shauri la jinai na mlalamikaji asionekane, mahakama ya chini nchini Tanzania inaweza kulifuta shauri na kumwachia mshitakiwa. Sharti kubwa ni kwamba mlalamikaji awe amearifiwa tarehe na mahali. Hayo yamo katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, kifungu kilichojulikana kwa miaka mingi kama cha 222. Hakimu akiona ipo sababu, anaweza kuahirisha. Kenya imekwenda mbali zaidi: kifungu cha 202 cha sheria yake ya namna hiyo kinamhesabu mshitakiwa kuwa hana hatia. Linabaki swali la msingi: kutokuwapo kwa mtu kunathibitisha nini?

Kuhusu ukweli, hakuthibitishi chochote. Ng'ombe aliyeibwa Endulen, wilayani Ngorongoro, harudi zizini kwa sababu mwenyewe alikosa gari la kumfikisha mahakamani. Kinachokoma ni haki ya kuendelea kumshikilia mtu ajibu tuhuma ambayo hakuna anayesimama kuisema. Mtume Paulo aliitoa hoja hii huko Kaisaria, mbele ya liwali Feliksi: Wayahudi wa Asia walioanzisha mashitaka hawakuwapo, ilhali wao ndio waliopaswa kusema walichokiona. Feliksi aliahirisha, na Paulo akakaa kifungoni miaka miwili. Anayedhani kuahirisha ni huruma isiyomgharimu mtu aisome tena sura ile ya Matendo ya Mitume.

Katika Uislamu kuna kisa cha Safwan bin Umayya, aliyeibiwa shuka akiwa amelala msikitini. Mwizi alipohukumiwa, Safwan alimwonea huruma akataka kusamehe. Mtume Muhammad alimuuliza kwa nini hakusamehe kabla ya kumleta kwake. Kisa hiki kinaonyesha mpaka: kabla ya kufikishwa kwa mtawala, kosa ni la aliyekosewa, naye anaweza kuliacha; likishafikishwa, si lake peke yake tena.

Mpaka huo umo hata katika sheria ya Tanzania, ingawa watu wengi hawauoni. Katika kesi inayoendeshwa na waendesha mashitaka wa serikali, mlalamikaji kisheria ni Jamhuri, na aliyeumizwa ni shahidi tu. Asipofika, anayekosekana ni shahidi. Mwenye uwezo wa kuiondoa kesi ni Mkurugenzi wa Mashtaka, kama ilivyokuwa Novemba 2022 alipowafutia watu 24 wa Loliondo shitaka la mauaji ya askari polisi. Mwananchi huwa mwenye shauri hasa katika mahakama ya mwanzo, na huko ndiko kutofika kwake kunakouma.

Kwa mfano, katika wilaya za Karatu na Ngorongoro, mkoani Arusha, sababu za kutofika ni nyingi, na chache kati yake ni uzembe. Makao makuu ya Wilaya ya Ngorongoro yako Loliondo, upande wa kaskazini. Mkazi wa Endulen, ndani ya Hifadhi ya Ngorongoro, huvuka nyanda kwa barabara ya vumbi, ambayo mvua huigeuza tope. Tangu Juni 2022 zipo familia zilizohamia Msomera, wilayani Handeni, mkoa mwingine kabisa. Wito wa mahakama uliopelekwa kwenye boma lililohamwa haujamfikia mtu. Tena wako wasiofika kwa kuwa wazee wa Kimaasai au wa Kiiraqw wameshawapatanisha na fidia imelipwa. Kwa shambulio la kawaida na makosa mengine ya mtu na mtu, sheria yenyewe inairuhusu mahakama kuhimiza suluhu. Afadhali basi mlalamikaji aje aseme yamekwisha, kwa sababu kimya hakitofautishi aliyepatanishwa na aliyetishwa.

Ibara ya 107A ya Katiba ya Tanzania inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi, na hapo hapo zisifungwe mno na masharti ya kiufundi. Mambo hayo mawili yanavutana, na hakuna kanuni inayoyamaliza kwa kila shauri. Lakini swali la kwanza haliepukiki: je, wito ulifika? Kama ulifika na hakuna udhuru, mshitakiwa ana haki ya kwenda nyumbani. Kama hakuna uthibitisho kwamba ulifika, sharti la kulifuta shauri halijatimia, na hakimu anayelifuta amekosea.