Je, Aliyesahau Hana Deni?

Kuna swali ambalo limekuwa likinisumbua kwa muda mrefu. Mtu akitoa ahadi, kisha kumbukumbu ya ahadi ile ikamtoka kabisa pasipo hila yake, je, bado anadaiwa? Wahenga walisema ahadi ni deni. Lakini hawakutuambia deni hilo linamwangukia nani iwapo yule aliyeahidi, kwa namna fulani, hayupo tena.

Sijapata hadithi inayolikabili swali hili vizuri kuliko ile ya Shakuntala, tamthilia ya Kalidasa, mshairi wa Bara Hindi aliyeandika kwa Kisanskriti yapata karne ya 4 au ya 5. Mfalme Dushyanta, akiwa mawindoni, anafika kwenye makao ya watawa msituni na kumkuta Shakuntala, binti aliyelelewa na mzee Kanva. Wanapendana na kuoana kwa ridhaa yao wenyewe, bila sherehe. Mfalme anarudi mjini, akimwachia pete yenye jina lake na ahadi ya kumwita.

Siku moja Shakuntala yumo katika mawazo ya mumewe. Anapita Durvasa, mtawa mwenye hasira za karibu, anabisha hodi na haitikiwi. Papo hapo anamlaani: yule unayemwaza hatakukumbuka hata akikumbushwa, kama mlevi asivyoyakumbuka maneno aliyoyasema. Rafiki yake Shakuntala anamfuata mzee yule na kumbembeleza, naye anapunguza ukali: laana itaondoka mfalme akiona kitu cha utambulisho. Shakuntala haambiwi lolote. Anakwenda ikulu akiwa mjamzito, na njiani pete inamchopoka majini. Anasimama mbele ya mumewe, na mumewe hamjui.

Sasa, msomaji mpenzi, tusimame hapo kidogo. Huyu mfalme ana kosa gani? Ukimfuata John Locke, mwanafalsafa wa Uingereza aliyeliandikia jambo hili mwaka 1694, utasema hana. Kwa Locke, mtu ni yuleyule kwa kadiri ufahamu wake unavyoweza kurudi nyuma na kuyashika matendo yake ya zamani kuwa yake. Pale usipofika, yeye si mtu yule, hata kama mwili ni uleule. Basi aliyemwoa Shakuntala msituni ni mmoja, na huyu aliyeketi kwenye kiti cha enzi ni mwingine.

Nakiri kwamba hoja hii ina nguvu. Lakini inanishinda kuikubali nikimtazama Shakuntala pale aliposimama. Ndoa ile ilikuwa na watu wawili, na mmoja wao bado anaikumbuka. Mtoto yumo tumboni. Ikiwa kumbukumbu ya mfalme peke yake ndiyo inayoamua yeye ni nani, basi ana uwezo wa kumfanya mwenzake asiwe mke na mtoto asiwe na baba, kwa kusahau tu. Mimi naona kwamba utu wetu hatuushiki peke yetu. Sehemu yake tumewawekea wenzetu, kama mtu anavyoweka amana kwa jirani.

Kuna jambo jingine ambalo wengi hawalijui. Kisa hiki kimo pia katika utenzi mkubwa wa Mahabharata, ambao ni wa zamani zaidi, na humo hamna laana wala pete. Mfalme anamkumbuka Shakuntala vizuri sana, ila anamkana mbele ya baraza mpaka sauti kutoka mbinguni imsute. Kwa hiyo laana ni kazi ya mshairi. Alitaka mfalme mwema, akamtafutia udhuru.

Nasi tunao udhuru wa namna hiyo. Kijana akienda mjini, akaoa, akaacha kuwatumia wazazi hata senti, utasikia nyumbani wakisema kalishwa limbwata. Mama hawezi kusema kwamba mwanawe wa kumzaa amemtupa. Ni nafuu kuamini kwamba mkewe amemtilia dawa katika chakula. Kwa kumwokoa mwana, lawama yote inatwikwa mwanamke ambaye pengine hana hatia. Hata kwa Kalidasa ni hivyo: aliyesahau ni mfalme, lakini laana imetokana na uzembe wa Shakuntala, na pete imepotea mikononi mwake. Laana ni tamu kwa mwenye kusamehewa. Tuulize kila mara nani anailipia.

Hata hivyo tuseme laana ilikuwa ya kweli. Bado ninayo hoja. Shakuntala alipokosa pete, alijaribu kumkumbusha mfalme habari za mtoto wa paa aliyekataa kunywa maji mkononi mwake. Mfalme akamdhihaki. Akasema wanawake ni wajanja kwa maumbile, na akamfananisha na ndege anayetaga kwenye viota vya wengine. Kuhani wake, ambaye naye hakumjua mwanamke huyu, alitoa shauri la kumpa hifadhi hadi ajifungue, kisha ukweli uchunguzwe. Wote wawili hawakuwa na kumbukumbu ya ndoa ile. Mmoja alitukana, mwingine alifungua mlango. Durvasa aliiondoa kumbukumbu. Dharau hakuitia yeye. Kwa kusahau, mfalme hana lawama. Kwa namna alivyomtendea mgeni mwenye mimba aliyelia mbele yake, anayo.

Nasema hivi kwa sababu ninaye shangazi ambaye kumbukumbu zimemtoka. Huu ni ugonjwa wa ubongo, aina ya yale ambayo daktari Alois Alzheimer alianza kuyaeleza mwaka 1906, ingawa majirani wengine hunong'ona habari za uchawi. Nikimtembelea ananiuliza mimi ni mtoto wa nani. Nikimjibu, hanikumbuki. Lakini hunisogezea kiti na kuuliza kama nimekula. Sijulikani kwake, na bado napokewa. Najua wapo ambao ugonjwa huo huwafikia hata tabia, wakawa wakali kwa watu waliowapenda, na hao hawastahili kuhukumiwa bali kuhurumiwa. Mfalme Dushyanta hakuwa hivyo. Akili yake ilikuwa timamu katika kila jambo isipokuwa moja.

Hadithi inaishia kwa heri. Mvuvi anaikuta pete tumboni mwa samaki, mfalme anaiona, anakumbuka na kujuta. Miaka inapita kabla hajamwona mwanawe akicheza na mtoto wa simba, na kupitia kwake akampata mkewe. Wanapoelezwa habari ya laana, mfalme anafurahi kwamba ameondokewa na lawama, naye Shakuntala anafurahi kujua kwamba hakukataliwa bure. Furaha ya Shakuntala naielewa. Ya mfalme naiona imekuja mapema mno.

Basi jibu langu ni hili. Aliyesahau bila kutaka hana hatia ya kusahau, lakini deni lipo maadamu mwenzake analikumbuka, na likitajwa inampasa asikilize na kuchunguza kabla ya kukana. Nasi tunaokumbuka tunabaki na zamu yetu. Shangazi hajui tena kwamba niliwahi kumwahidi kwamba hatazeeka peke yake. Mimi najua, na hilo linatosha kunifanya niende Jumamosi.